Jiwe la mjomba: kumtambua Perisphinctes na kujua umri wa mwamba

Juu ya kabati langu hapa Sinza kuna jiwe la mviringo, ukubwa wa kisahani cha chai. Mjomba wangu, baharia, aliniletea kutoka Madagaska. Kila darasa la kidato cha tatu nililofundisha jiografia lililishika, na karibu wote walisema konokono. Hapana. Ni amonaiti, mnyama wa baharini aliyegeuka jiwe, jamaa wa ngisi na pweza. Ukoo wote wa amonaiti ulitoweka kama miaka milioni 66 iliyopita.

Ukipata la namna hii, lisugue taratibu kwa mswaki wa zamani. Usitie ndimu wala siki, maana gamba la chokaa huliwa na asidi, na alama unazozitafuta zitakwenda nalo. Zima taa, kisha limulike kwa tochi ya simu kutoka ubavuni. Vivuli ndivyo vinavyosema.

Kwa Perisphinctes, jenasi mojawapo ya amonaiti, kila mzunguko huufunika ule wa ndani yake kidogo tu: mizunguko yote unaiona, kama kamba iliyoviringwa vizuri. Sasa fuata ubavu mmoja, yaani mmojawapo wa mistari iliyoinuka juu ya gamba, kwa ncha ya kidole kuanzia ndani. Unakwenda peke yake, halafu karibu na ukingo wa nje unagawanyika kama panda ya manati na kuvuka mgongo. Mgongo wenyewe ni mviringo, haukuchongoka. Kuwa makini hapa, kwani Madagaska hutoa pia Cleoniceras, aliye bapa na ambaye mzunguko wake wa mwisho umefunika karibu yote. Huyo ni wa Kretasia, zama zilizofuata Jurasiki, mdogo kuliko Perisphinctes kwa zaidi ya miaka milioni 40.

Perisphinctes, aliyepewa jina na mtaalamu wa visukuku Waagen mwaka 1869, ni wa kipindi cha Oksfodi katika Jurasiki, takriban miaka milioni 162 hadi 155 iliyopita. Amonaiti walibadilika upesi na kusambaa mbali, ndiyo maana wanaunganisha tabaka la Madagaska na la Ulaya: amonaiti yuleyule, umri uleule. Wao hutoa mpangilio, lipi lilitangulia lipi. Hesabu ya mamilioni hutoka hasa kwenye madini ya majivu ya volkano.

Linaloniuma ni kwamba jiwe langu haliwezi kupima tabaka lolote. Mjomba alilinunua, na hakuna aliyeandika lilitoka wapi. Kwa hiyo ukimkuta amonaiti ndani ya mwamba, usimng'oe. Weka rula kando, piga picha, andika mahali, tabaka la juu yake na la chini yake, uwaite wataalamu. Angalia pia kama amesagika kingo: huenda maji yalimtoa mwamba wa zamani yakamzika kwenye mpya, na hapo atakudanganya.

Usihangaike kumtafuta kwenye matumbawe ya Oysterbay. Yale ni machanga mno kwake.