Kabla biashara yako haijakatiwa umeme: mambo ya kuzingatia mapema

Mgogoro wa kukatiwa umeme hutegemea sana karatasi ulizokusanya wakati taa bado zinawaka. Mafundi wakishaondoka na fyuzi, unaanza kutafuta ushahidi huku friji zinayeyuka na wafanyakazi wamekaa bure.

Anza na jina lililo kwenye ankara. Kama mita imesajiliwa kwa jina la mwenye jengo na wewe ni mpangaji, huenda shirika la umeme halina mkataba wowote na wewe, na madai yako yote yakawa juu ya mwenye jengo. Soma mkataba wa pango sasa: nani anapeleka malipo, mita ni yako peke yako au ya jengo zima, na je, kuna kifungu kinachotaja umeme pale kodi inapochelewa? Ukimshtaki asiyehusika, ombi linaweza kutupwa kabla hoja zako hazijasikilizwa.

Kwenye mita usiwe na haraka. Ipige picha kila mwezi, namba ya mita na usomaji vionekane pamoja, kisha linganisha na ankara. Tazama kama yuniti zimesomwa au zimekadiriwa, maana makadirio ya miezi kadhaa huja kurekebishwa kwa mkupuo mmoja mkubwa. Biashara inayotumia umeme mwingi ina jambo jingine la kuangalia. Mita yake mara nyingi haipitishi mkondo wote. Hupokea sehemu ndogo kupitia transfoma za mkondo, halafu usomaji huzidishwa. Transfoma za 200/5, yaani zinazopunguza ampea 200 kuwa 5, zina kizidishi cha 40. Kikiingizwa 60 kwenye mfumo wa ankara, bili inapanda kwa nusu nzima, na mita ikipimwa itaonekana haina kasoro. Kwa hiyo unapoomba ukaguzi, usiombe mita peke yake ipimwe. Omba uwiano wa transfoma usomwe mbele yako na uandikwe.

Lakiri za mita, yaani mihuri inayoifunga isifunguliwe, usiziguse, wala fundi wako asiziguse. Lakiri iliyokatika hugeuza ubishi wa hesabu kuwa tuhuma ya wizi wa umeme, na hapo hata notisi unaweza usipewe. Mita ikiondolewa kwenda kupimwa, dai fomu yenye namba yake, usomaji wa mwisho, hali ya lakiri na saini za pande zote mbili.

Malalamiko yaandike, upate muhuri wa kupokelewa au namba ya kumbukumbu. Simu haina uzito huo. Katika barua hiyohiyo tenganisha kiasi unachokikubali na unachokipinga, na kile unachokikubali ukilipe. Naliona hili kuwa la lazima: anayekwenda kuomba zuio, yaani amri ya mahakama ya kusimamisha ukataji, bila kulipa hata senti ataulizwa kwa nini, na jibu zuri halipo.

Notisi ikifika, hifadhi na bahasha yake. Andika siku iliyofika na nani aliipokea, kisha angalia kama inataja kiasi, sababu, tarehe ya kukata na mahali pa kupinga. Hilo la mwisho si dogo. Mwaka 1978, katika kesi ya Memphis Light, Gas and Water dhidi ya Craft, Mahakama Kuu ya Marekani iliamua kwamba shirika la umma linalotishia kukata huduma kwa deni lazima limjulishe mteja kwamba ipo njia ya kupinga bili. Familia ya Craft ilikuwa ikitozwa kwa mita mbili katika nyumba moja, na huduma ilikatwa mara tano. Sheria za kila nchi zina masharti yake. Yatafute ya kwako, pamoja na chombo cha udhibiti ambacho mahakama inaweza kutaka upitie kwanza.

Zuio la muda huombwa mapema, kabla ya tarehe iliyo kwenye notisi. Jaji atataka kuona hoja ya kweli ya kusikilizwa, na madhara ambayo fidia ya fedha haitayaponya. Hasara inayohesabika kirahisi kwa fedha huweza kukunyima zuio, hivyo eleza kisichohesabika: wateja wanaohama, mkataba utakaovunjika.

Hesabu ya hasara nayo iandae sasa. Katika kesi ya Spartan Steel, iliyoamuliwa Uingereza mwaka 1972, wachimbaji walikata kebo kwa uzembe na tanuru la kiwanda likazimika. Kiwanda kililipwa pauni 368 za chuma kilichoharibika na 400 za faida ya chuma hicho, lakini kikanyimwa 1,767 za kazi nne ambazo hazikuwa zimeanza. Madai dhidi ya shirika lenye mkataba na wewe yana kanuni nyingine, tena mkataba wenyewe unaweza kuweka ukomo wa fidia. Hata hivyo, rekodi ya kilichokuwa kwenye mashine saa umeme ulipozimika itahitajika.

Ukipata amri ya zuio, ipeleke mwenyewe siku hiyohiyo: nakala makao makuu, nakala ofisi inayotuma mafundi, nakala mlangoni kwako.