Kuifanya Maktaba Ndogo Iingilike: Anza na Futi, Mashine Baadaye

Maktaba ikipata fedha kidogo za "huduma kwa watu wenye ulemavu", wazo la kwanza huwa ni mashine. Inanunuliwa printa ya nukta nundu, yale maandishi ya wasioona yanayosomwa kwa vidole, inawekwa chumba cha ndani, inafunikwa kitambaa, na wageni wakija wanaoneshwa. Mimi ni mkutubi wa maktaba ya wilaya yenye ukumbi mmoja, varanda na choo cha nje, na kwa wenzangu wa maktaba za aina hii nasema mashine ije mwisho. Kuanzia getini, kila hatua iulize swali moja: msomaji huyu anaweza kupita hapa, kupata kitabu na kuondoka nacho bila kubebwa? Jibu likiwa hapana, kazi iko hapo.

Swali hilo usilijibu peke yako. Nenda kwa afisa ustawi wa jamii wa halmashauri akuunganishe na vyama. Hapa Tanzania, SHIVYAWATA ndilo shirikisho la vyama vya watu wenye ulemavu; kuna CHAVITA ya viziwi, TLB ya wasioona, TAS ya watu wenye ualbino. Omba watu watatu au wanne wenye ulemavu tofauti waje siku ya kawaida, uwarudishie nauli. Watembee kutoka kituo cha daladala mpaka kwenye rafu, nawe ufuate nyuma na daftari, mdomo umefungwa. Hapo kwenye mdomo ndipo penye ugumu, maana sisi wakutubi tumezoea kuelekeza.

Mlangoni

Kanuni ya njia ya mteremko ni moja kwa kumi na mbili: kila sentimita moja ya kwenda juu inataka sentimita kumi na mbili za urefu. Vidato vitatu vya sentimita 15 ni sentimita 45, kwa hiyo njia yako itakuwa na urefu wa mita 5.4. Jiandae kubishana na fundi. Wangu aliniambia, "Madam, mita mbili zinatosha, wote tunawajengea hivyo." Sikumjibu. Tulilaza mbao nene za urefu wa mita mbili juu ya vidato, nikamwomba akae kwenye kitimwendo cha kuazima ajisukume mwenyewe, vijana wawili wakimkinga nyuma. Alifika nusu, akaanza kurudi kinyumenyume. Aliposhuka alichukua futi mwenyewe.

Uwanja ukiwa mfupi, kunja njia, ila kwenye kona weka jukwaa bapa la mita moja na nusu kwa mita moja na nusu. Jukwaa kama hilo liwepo na juu kabisa, mbele ya mlango, ili mtu afungue mlango bila kiti kurudi chini. Upana usipungue sentimita 120. Pembeni inua ukingo mdogo wa zege ili gurudumu lisitoke nje, na pande zote mbili weka bomba la kushikia kwenye kimo cha kama sentimita 90. Usikubali niru wala malumalu. Mwambie fundi aburute ufagio mgumu juu ya zege kabla halijakauka, mistari ikate njia kwa upana. Wakati wa masika utamshukuru.

Kisha upime mlango ukiwa umefunguliwa, maana fremu inadanganya. Unataka sentimita 90 zilizo wazi. Majengo mengi ya zamani yana mlango wa mabawa mawili, moja limepigwa komeo miaka nenda miaka rudi. Fungua yote mawili na tatizo limekwisha bila hata shilingi. Kitasa cha mviringo badilisha uweke cha mkono, kinachoshushwa hata kwa kiwiko.

Nina neno na wanaokata utepe. Njia ya mteremko inazinduliwa Jumatatu, Jumatano pikipiki ya mtumishi imeegeshwa chini yake. Piga rangi ya njano pale chini na umkabidhi mlinzi eneo hilo kwa jina lake. Mlinzi ndiye anayeamua kama njia hiyo ipo au haipo.

Choo nakipita haraka: mlango ufungukie nje, ndani pawe na nafasi ya kiti kugeuka, bomba la kushikia liwe imara, na ufunguo usikae kwa mtu aliyekwenda kunywa chai.

Ndani ya ukumbi

Kati ya rafu na rafu acha sentimita 120 ukiweza, 90 ukibanwa. Vitabu vinavyoazimwa sana viwe kati ya kimo cha goti na kimo cha bega la mtu aliyekaa. Meza ya kusomea iwe na uwazi wa sentimita 70 hivi chini yake, na ule ubao wa kuwekea miguu ung'olewe. Kaunta yetu ndefu seremala aliikata kipande kikashushwa, na sasa watoto wa darasa la pili nao wanatuona usoni.

Msomaji asiyeona anakisoma chumba chako kwa kumbukumbu. Siku ya kwanza mtembeze, yeye ndiye ashike kiwiko chako, usimvute mkono. Mwambie mlango uko wapi, kaunta iko wapi, meza ya kompyuta iko hatua ngapi kutoka ukutani. Baada ya hapo usihamishe samani kwa sababu tu umechoka kuziona zilipo.

Watu wenye ualbino ndio ninaoona wakisahaulika zaidi. Wanaingia kwa miguu yao, kwa hiyo kwenye ripoti hawaonekani. Lakini wengi wana uoni hafifu, na mwanga mkali unawaumiza. Meza yao isitazame dirisha. Dirisha liwe nyuma au ubavuni, lenye pazia. Wekeni kioo cha kukuzia kaunta kinachoazimwa kama kitabu, na kibao cha kuegemeza kitabu ili mtu asikunje mgongo saa nzima. Akikisogeza kitabu mpaka puani, mwache asome.

Kwa maandishi makubwa huhitaji mtambo. Fotokopi ya kawaida ikiwekwa asilimia 141 inageuza ukurasa wa A4 kuwa A3, na herufi za pointi 11 zinakuwa karibu 16. Ukichapa mwenyewe, tumia pointi 18, herufi zisizo na vijimkia kwenye ncha (kama Arial), nafasi ya mstari mmoja na nusu, karatasi isiyong'aa. Vibao vya rafu viandike upya kwa herufi nyeusi nene juu ya njano. Waliofurahia zaidi mabadiliko hayo kwetu ni wazee wanaokuja kusoma magazeti.

Kompyuta inayozungumza

Kama kuna kompyuta moja ya Windows inayofanya kazi, tayari una nusu ya huduma. Pakua NVDA. Ni programu ya bure ya kusoma skrini kwa sauti, iliyoanzishwa mwaka 2006 na Michael Curran wa Australia, asiyeona, akisaidiwa na James Teh, naye asiyeona. Unaweza kuiweka hata kwenye flashi. Inakuja na sauti ya Kiswahili; inasikika kama redio iliyoangukia kisimani, lakini masikio yanazoea, na baada ya muda msomaji ataongeza kasi mpaka wewe usielewe neno.

Mfundishe mambo machache tu mwanzoni. Control, Alt na N kwa pamoja kuiwasha. Control pekee kuinyamazisha. Insert na T kusoma kichwa cha dirisha. Herufi H kuruka kutoka kichwa cha habari hadi kingine kwenye tovuti. Mwonyeshe kwa kidole vile vinundu viwili kwenye F na J. Ndipo mikono inapoanzia. Nunua hedifoni, la sivyo ukumbi mzima utasikia barua pepe zake. Mwenye simu ya Android, mwonyeshe TalkBack, programu ya kusoma skrini ya simu, ambayo tayari imo kwenye simu nyingi.

Halafu kuna mtego. Mafaili mengi ya PDF tuliyonayo ni picha za kurasa, na programu ikikutana na picha inanyamaza. Jaribio ni rahisi: buruta kipanya juu ya neno moja. Neno likichaguliwa, faili litasomeka. Ukurasa mzima ukigeuka bluu au kisitokee kitu, lipitishe kwanza kwenye programu ya kutambua herufi, kisha mtu alisahihishe kwa macho.

Utasikia mtu akikutisha kuhusu hakimiliki. Upo Mkataba wa Marrakesh wa mwaka 2013, ulioanza kutumika 2016, unaotaka nchi wanachama ziruhusu nakala za nukta nundu, sauti au maandishi makubwa kutengenezwa bila kuomba kibali cha mwenye haki, kwa ajili ya wasioona, wenye uoni hafifu na wasioweza kusoma chapa ya kawaida au kushika kitabu. Kenya, Uganda na Tanzania zote zimejiunga. Bado waulize COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, utaratibu wa nchini, na andika kila nakala: nani kaipokea, lini.

Vitabu vya nukta nundu vikipatikana, visimamishe wima na usivilundike, maana uzito unalaza nundu. Kila juzuu liwe na jina kwa nukta na kwa wino, ili mfanyakazi anayeona asirudishe juzuu la tatu mahali pa la kwanza.

Kwa viziwi, msikimbilie kuandikiana vikaratasi. Kwa wengi Kiswahili cha kuandika ni lugha ya pili. Ya kwanza ni Lugha ya Alama ya Tanzania. Waombe CHAVITA mwalimu wa kuwafundisha wafanyakazi wote, mlinzi akiwamo, salamu, namba, siku, "azima", "rudisha", "faini". Mkalimani akiwepo, mtazame msomaji na uzungumze naye yeye.

Kuna jambo ambalo hata wenzangu wengi hawalijui: kwa kanuni za Umoja wa Posta Duniani, machapisho ya wasioona hayatozwi ada ya posta, isipokuwa nyongeza ya kusafirisha kwa ndege. Zungumza na meneja wa posta yako kabla ya kufunga kifurushi cha kwanza, kwa sababu karani wa dirishani huenda hajawahi kukiona.

Na kaunta pawe na daftari la maombi yaliyoshindikana: kitabu kilichotakwa kwa sauti hakipo, mkalimani hakupatikana, hedifoni imekufa. Mwaka wa fedha unaanza Julai 1, na halmashauri huandaa bajeti miezi mingi kabla. Mwezi wa Novemba nakili daftari hilo kama lilivyo, liambatanishe na makadirio ya bei kutoka dukani, na ulipeleke kwa afisa mipango kwa mkono wako mwenyewe.