Kosa, lawama, hatia: namna ya kulichagua neno

Chukua kisa kimoja ukipimie maneno yote. Hamali anasukuma mkokoteni kutoka Marikiti, amebeba trei 10, yaani mayai 300. Kwenye kona, trei zinaporomoka.

Anza na kitendo kabla hujamgusa mtu. "Mayai yamevunjika" haimlaumu yeyote. "Kosa" huja ukishajua kilichopaswa kufanywa kisifanywe: kamba haikukazwa. Lakini herufi iliyorukwa ni kosa na wizi pia ni kosa, kwa hivyo usiliache neno hili peke yake. Alijua kamba imelegea akaenda vivyo hivyo? Huo ni uzembe. Alizimwaga kusudi? Sema kusudi, maana ukisema "amekosea" msikilizaji ataelewa bahati mbaya.

Sasa lawama, na hapa wengi huteleza kwa silabi moja tu. "Hamali analaumiwa" maana yake wapo wanaomlaumu, na huenda wanamwonea. "Hamali analaumika" ni hukumu yako wewe: lawama inamstahiki hata kama hakuna aliyefungua kinywa. Katibu anayeandika kumbukumbu za kikao ashike "analaumiwa" mpaka pande zote zisikilizwe. Na kama mwenye mali ndiye aliyepanga trei na kufunga kamba, hamali halaumiki, ingawa mkokoteni ulikuwa mikononi mwake.

Dhima, yaani jukumu la kubeba au kulipa, ni kitu kingine. Mtoto akivunja kioo cha jirani baba yuko kazini, baba halaumiki, lakini kwa desturi ya ujirani dhima ya kulipa ni yake.

"Hatia" iachie mahakama. Polisi wakimtafuta mtu ni mshukiwa (Tanzania husema mtuhumiwa). Akisomewa mashtaka ni mshtakiwa. Hatia hupatikana kwa hukumu. Kifungu cha 50 cha Katiba ya Kenya ya 2010 kinamhesabu mshtakiwa kuwa hana hatia mpaka ithibitishwe vingine. Anayemwita mtu mwenye hatia kabla ya hapo anamdhulumu. Dhambi nayo ni baina ya mja na Mola wake, haiingii kwenye barua ya malalamiko.

Msikilize pia anayejitetea. "Umenilaumu bure" anakubali jambo limetokea, anakataa kuwa ni kosa lake. "Umenisingizia" anakataa kitendo chenyewe. Ukiyachanganya haya mawili utasuluhisha ugomvi usiokuwepo. Mbaazi ukikosa maua husingizia jua: jua halikutenda lolote. Kusuta ni kumkabili mtu uso kwa uso na ushahidi wa alichosema, basi usiende kusuta na tetesi.

Kushutumu ni kuzito na kwa hadharani. Kwa ndugu, jirani au mzee asiyekualika arusini, Mombasa ina njia laini zaidi: "Mzee wangu, nina lawama nawe." Hapo humhukumu. Unamwambia umeumia kwa sababu unampenda, na unamngoja ajibu.