Pudla za dengu na mbaazi za nazi, asubuhi ya kaskazi

Kaskazi ikishika, kati ya Desemba na Machi, hapa Kibokoni, Mombasa, tunaamka na joto. Jua halijachomoza vizuri na shingo imeshalowa, na mahamri yaliyotoka kwenye mafuta hayapiti kooni. Siku hizo mimi huweka karai kando nikatoa tawa, lile kaango bapa la chapati.

Mbaazi za nazi ni chakula chetu. Pudla nilifunzwa na jirani yetu Mgujarati, mama mtu mzima tuliyemwita Ba kama walivyomwita wajukuu zake. Zimefanana na chapati za maji, ila unga wake ni wa dengu, uleule wa bajia na viazi karai. Kwao alizila na mtindi au achari. Siku moja mamangu alimpelekea bakuli la mbaazi. Ba akamega pudla, akachovya, akanyamaza, kisha akasogeza bakuli karibu. Mamangu ana ugonjwa wa sukari na ameambiwa apunguze mahamri, kwa hiyo tangu siku ile mlo huu ndio wetu.

Anza jana yake. Loweka kikombe kimoja cha mbaazi kavu mchana, mwaga maji hayo, uzichemshe kwa maji mapya baada ya isha, jikoni kukiwa na upepo kidogo. Saa nzima hivi hutosha; mbaazi za zamani ni kaidi, zitataka zaidi. Finya moja kwa vidole viwili: ikisagika yote, epua. Zikipoa zitie kwenye friji.

Asubuhi kuna nazi moja. Tui la kwanza, lile zito, liweke pembeni. Kamua tena mara mbili upate tui jepesi, na hilo ndilo utakalopikia mbaazi, pamoja na kitunguu, tungule mbili, manjano na pilipili mbichi. Tui zito tia vijiko vinne tu, mwisho kabisa, ukikoroga bila kuacha mkono ili lisikatike. Wako watakaosema hizo si mbaazi za kweli. Mimi nasema kwa joto hili tui lote lile humlaza mtu kabla ya saa nne. Lililobaki litapikia wali.

Sasa pudla. Chekecha kikombe na nusu cha unga wa dengu, kwa sababu una mabonge sana. Tia maji kidogo kidogo, kikombe kimoja na kidogo, mpaka rojo ianguke kutoka kwenye upawa bila kukatika. Ongeza tangawizi ya kukuna, kotmiri, bizari nyembamba, na chumvi nusu kijiko cha chai. Iache dakika ishirini. Usiruke hapa: unga usipokunywa maji vizuri, pudla hupasuka ukiigeuza.

Moto uwe wa wastani. Chovya nusu ya kitunguu kwenye mafuta, upake tawa. Mafuta hayo ndiyo yote inayohitaji. Mimina upawa mmoja katikati, kisha kwa kitako cha upawa zungusha kuelekea nje, mkono mwepesi. Baadaye usiiguse, itazame. Juu inang'aa umanjano mbichi, vitundu vinatoboka, halafu ule mng'ao unakauka kutoka ukingoni kwenda katikati. Ukingo ukijiinua wenyewe, geuza. Harufu ya dengu mbichi ikiwa bado ipo, haijaiva, hata kama rangi imependeza.

Kando weka kachumbari ya tango na embe bichi, iliyokamuliwa ndimu. Chumvi usitie, ukali wa embe unatosha. Embe ngowe mbivu likiwepo, vipande viwili vitatu kwa kila mtu. Chai sisi huiacha mpaka alasiri. Asubuhi ni dafu, au maji ya baridi.

Mbaazi zikibaki zirudishe kwenye friji mara tu watu wakimaliza kula. Mwaka jana nilisahau sufuria mezani nikaenda sokoni Marikiti, na niliporudi adhuhuri tui lilikuwa limechacha, limefanya povu ukingoni. Nilimwaga zote. Pudla hazina tabu hiyo: zifunike kwa kitambaa, na alasiri zipashe kwenye tawa kavu uzile na ile chai.