Kufuata mto wa mlimani hadi chanzoni, na kuandika majina yake

Anzia chini. Anayeanzia mlimani hukuta vijito kumi, kila kimoja na watu wanaoapa kwamba ndicho mto wenyewe. Anayeanzia mdomoni ana mstari mmoja tu, na kazi yake ni kuamua ashike mkono upi kila afikapo kwenye makutano.

Tumia ramani ya skeli 1:50,000, ambapo sentimita 2 ni kilomita 1. Laza uzi uliolowa juu ya mto, uufuate kila pindo, kisha unyooshe kwenye rula. Rudia mara tatu, uchukue wastani. Ramani ya skeli ndogo, kama 1:250,000, hunyoosha mapindo, hivyo mto uleule utaonekana mfupi. Usichanganye vipimo vya ramani mbili. Mstari wa buluu uliokatikakatika kwa kawaida ni mto wa msimu, lakini hakikisha kwenye ufunguo wa ramani. Mstari ukiisha kabla ya kilele, usidhani umefika: msitu huficha vijito vyembamba. Tazama kontua, yaani mistari inayounganisha sehemu zenye kimo sawa. Zinapovuka bonde hupinda kama herufi V, ncha ikielekea juu. Fuata ncha hizo hadi zipotee karibu na mgongo wa mlima.

Ugumu uko kwenye makutano. Mkono mkuu ni upi: mrefu zaidi, wenye maji mengi zaidi, au wenye jina? Vigezo hivi mara nyingi havikubaliani. Huko Marekani, mto Missouri ni mrefu kuliko Mississippi ya juu, ila jina la Mississippi ndilo linalofika baharini. Huko Passau, Ujerumani, mto Inn kwa wastani huleta maji mengi kuliko Danube, na bado jina linaloendelea ni Danube. Chagua kigezo kimoja, kiandike, usikibadilishe njiani. Sisi tungeshika urefu, maana wingi wa maji hubadilika kwa msimu.

Ukichagua maji, pima mikono yote miwili siku moja, kabla mvua haijaingilia. Tafuta sehemu iliyonyooka ya mita 10, utupe kitu kinachoelea na kuzama nusu, kama chungwa, upime muda mara tano. Mwendo ni mita 10 kugawanya kwa wastani wa sekunde. Zidisha upana, kina cha wastani na mwendo, kisha zidisha kwa 0.8, kwa sababu maji ya juu hukimbia kuliko yaliyo karibu na mawe. Upana wa mita 4, kina cha mita 0.3 na mwendo wa mita 0.8 kwa sekunde hutoa takriban lita 768 kwa sekunde. Kina kipimwe angalau mahali patano. Kupima katikati peke yake hukuza hesabu.

Majina yaje baada ya hapo, kwa sababu jina mara nyingi ni la kipande cha mto. Huko Kenya, Athi hukutana na Tsavo, mto ukaitwa Galana, na karibu na Malindi unaitwa Sabaki. Simama ukingoni, uliza: “Hapa mnauitaje?” Uliza ng’ambo pia, kisha kila baada ya kilomita chache. Jibu likiwa neno linalomaanisha “mto” au “maji” tu, uliza tena kwa kuutaja mto mwingine wa jirani, mtu aone unataka kutofautisha. Kosa hili ni la zamani: Avon ya Uingereza inatokana na neno la Kikelti lenye maana ya mto.

Andika jina kama linavyotamkwa, bila kusahihisha l na r, na lugha ya msemaji. Ongeza jina linaanzia na kuishia wapi. Ukingo wa kulia ni ule ulio kuliani mwako unapotazama maji yanakoelekea. Wengi hukosea hapa wakiwa wanapanda. Andika pia bonde lake, maana mito miwili yaweza kuwa na jina moja: Tanzania ina Ruvu ya Uluguru inayoingia baharini karibu na Bagamoyo, na Ruvu nyingine inayoishia bwawa la Nyumba ya Mungu.