Somo: Chopsi za nguruwe zenye pilipili na harufu ya moshi, kwa kikaango cha jikoni

Kitimoto ya baa inajulikana: vipande vidogo vinavyokaangwa kwenye mafuta yake vyenyewe hadi vikauke, ndizi pembeni, pilipili na ndimu. Chopsi ni kazi nyingine. Kipande kinabaki kizima na mfupa wake, nje kinakolea rangi ya kahawia na ndani kinabaki na maji yake. Jioni ya siku ya kazi inatosha kabisa, mradi chumvi imetiwa asubuhi.

Kinachowaharibia wengi ni kutafuta harufu ya moshi kwa kuunguza nyama. Nyama iliyoungua inakuwa chungu tu. Moshi unatoka kwenye kiungo kilichokaushwa kwa moshi, au kwenye kaa la moto. Kazi ya kikaango ni kukausha uso wa nyama na kuupa rangi.

MAHITAJI (watu 4)

- Chopsi 4 za mgongo zenye mfupa, unene wa sm 2.5, kila moja gramu 220 hadi 250
- Chumvi laini kijiko cha chai 1 na nusu
- Paprika ya moshi vijiko vya chai 2
- Binzari nyembamba ya kusaga kijiko cha chai 1
- Kitunguu saumu cha unga kijiko cha chai 1
- Pilipili manga ya kusaga nusu kijiko cha chai
- Pilipili kichaa ya unga robo kijiko cha chai. Nusu kwa wanaoizoea
- Sukari guru iliyokwanguliwa kijiko cha chai 1 (iwekwe pembeni, isichanganywe na viungo)
- Mafuta ya alizeti kijiko cha chakula 1
- Siagi kijiko cha chakula 1, punje 2 za kitunguu saumu, nyanya 1 kubwa iliyokunwa, maji robo kikombe, ndimu 1
- Kaa moja la mti, ukubwa wa ndimu

Kikaango kiwe kizito, cha chuma ikiwezekana, kipenyo cha sm 28 hadi 30. Sufuria nyembamba ya alumini inapoteza joto mara tu nyama inapoingia, halafu inaunguza sehemu moja iliyo juu ya moto.

HATUA YA 1: BUCHA

Mwombe muuzaji akate kwa msumeno unene wa sm 2.5. Akikata nyembamba, sm 1 hivi, ndani itakuwa imeiva na kupita kabla nje haijapata rangi, na hakuna ujanja wa kuiokoa. Nyama nzuri ina rangi ya waridi inayoelekea wekundu, mafuta meupe na magumu, na haijalala kwenye maji. Angalia mhuri wa mkaguzi. Bucha isiyo na mhuri, ondoka.

Chopsi za bega nazo zinafaa. Zina mafuta zaidi katikati, hivyo zinasamehe ukizidisha dakika moja au mbili. Za mgongo hazisamehi.

HATUA YA 2: CHUMVI, ASUBUHI

Chana ukanda wa mafuta wa pembeni kwa kisu kila baada ya sm 2, hadi kisu kiguse nyama. Usipofanya hivyo ukanda huo unajikunja kwa joto, chopsi inainuka katikati na nusu yake haigusi kikaango tena.

Paka chumvi yote pande zote, panga kwenye sahani bila kufunika, weka kwenye friji, rafu ya chini ili isidondokee chakula kingine. Kwanza chumvi itavuta maji nje, kisha maji hayo yenye chumvi yatarudi ndani taratibu, na ikifika jioni uso umekauka. Ukisahau asubuhi, tumia maji ya chumvi: lita 1 ya maji baridi, gramu 60 za chumvi (vijiko vya chakula 3 na kidogo), loweka dakika 45 wakati unaandaa vingine, kisha futa hadi pakauke kabisa. Kutia chumvi dakika 10 kabla ya kukaanga ndiko kubaya kuliko yote, maana nyama inaingia kikaangoni maji yakiwa yametoka na hayajarudi.

HATUA YA 3: VIUNGO

Changanya paprika, binzari nyembamba, kitunguu saumu cha unga, pilipili manga na pilipili kichaa. Gawa mara mbili. Nusu paka kwenye nyama dakika chache kabla ya kukaanga, nusu iache kwa ajili ya mchuzi.

Mgawo huu una sababu. Paprika inaungua upesi na ikiungua inageuka chungu. Safu nyembamba inastahimili moto wa kukaanga. Safu nene inakuwa masizi. Ile nusu ya pili inaingia kwenye siagi moto ukiwa mdogo, na hapo ndipo harufu yake hasa inapofunguka. Sukari guru pia inasubiri mchuzi.

HATUA YA 4: KIKAANGO

Washa moto wa wastani unaoelekea mkali, pasha kikaango kitupu dakika 3 hadi 4. Tone la maji likidondoshwa likimbie na kukauka hapo hapo. Tia mafuta.

Simamisha chopsi mbili kwa ule ukanda wa mafuta, zishike pamoja kwa koleo, dakika 2. Mafuta yatayeyuka na ukanda utakuwa wa dhahabu. Hayo ndiyo utakayokaangia. Kisha zilaze. Usiziguse kwa dakika 3. Zikiwa tayari kugeuzwa zinaachia zenyewe, zikiwa zimeng'ang'ania bado. Geuza, dakika 3 nyingine. Baada ya hapo punguza moto uwe wa wastani na uwe unageuza kila dakika moja, ili joto liingie sawa pande zote mbili. Jumla ni dakika 9 hadi 12 kutegemea unene na ukubwa wa mfupa.

Chopsi nne kwenye kikaango kimoja ni nyingi. Zikibanana, mvuke hauna pa kutokea, na nyama yenye maji juu yake haipiti nyuzi 100 za Selsiasi, wakati rangi ya kahawia inahitaji uso upande hadi 140 na zaidi. Kaanga mbilimbili, mbili za kwanza hazitapoa sana, na hatua inayofuata itazirudishia joto.

Kipimajoto cha nyama ndicho kifaa pekee ninachosisitiza mtu anunue. Chomeka kwa ubavuni hadi katikati, mbali na mfupa. Nyama iliyokaguliwa inatosha kufika nyuzi 63 na kupumzika dakika 3. Hicho ndicho kiwango cha Wizara ya Kilimo ya Marekani tangu 2011. Kwa nyama ambayo huna hakika na ukaguzi wake nenda hadi 71. Epua nyuzi 2 au 3 kabla ya kiwango chako, kwa sababu joto linaendelea kupanda nyama ikiwa imepumzika, kisha pima tena kabla ya kupakua. Isipofika, irudishe kikaangoni.

HATUA YA 5: KAA

Kaa liwashwe mapema, wakati kundi la mwisho linaingia kikaangoni. Liweke kwenye wavu juu ya moto wa gesi, au lichukue kwenye jiko la mkaa, hadi liwe jekundu pande zote na kuanza kuvaa jivu. Likiwa na sehemu nyeusi bado linatoa moshi mchafu. Tumia mkaa wa mti tu, usiowashwa kwa mafuta ya taa. Harufu ya mafuta ya taa inaingia kwenye nyama na haitoki.

Panga chopsi zote ndani ya sufuria pana. Katikati weka kibakuli kidogo cha chuma, au ganda la kitunguu kikubwa, na ndani yake kaa. Dondoshea kijiko cha chai 1 cha mafuta ya nyama kutoka kikaangoni. Moshi mweupe utapanda mara moja: funika hapo hapo, kwa mfuniko unaobana. Dakika 4 hadi 5, na huko ndiko kupumzika kwa nyama. Zikizidi 8, moshi unaanza kukaba koo.

Dirisha na mlango viwe wazi. Mkaa unatoa gesi isiyo na harufu inayoua, kwa hiyo ukimaliza litoe kaa nje na ulizime kwenye maji.

HATUA YA 6: MCHUZI

Kikaango kile kile, moto mdogo. Mwaga mafuta, bakiza kijiko kimoja cha chakula. Tia siagi, kitunguu saumu kilichopondwa, na ile nusu ya viungo. Koroga sekunde 30. Nyanya na sukari guru, dakika 3, hadi mafuta yatengane na nyanya. Maji, kwangua chini kwa mwiko ili yale yaliyogandia yaachie. Zima, kamulia nusu ya ndimu, tia na maji yaliyotoka kwenye nyama ikipumzika. Onja kabla ya kuongeza chumvi.

Ugali na kachumbari, au ndizi za kuchoma. Mboga chungu kama mnafu inapendeza sana na mafuta haya.

MASWALI YA WANACHAMA

Swali: Shikamoo mwalimu. Mimi nyama yangu inajaa maji kikaangoni na kuwa ya kijivu hata moto ukiwa mkali. Nakosea wapi?

Jibu: Marahaba. Angalia mambo matatu kwa mpangilio huu. Nyama ilikuwa imekaushwa? Ilikuwa imeganda ikayeyushwa haraka kwenye maji ya moto? Ulijaza kikaango? Nyama ya friza iyeyuke kwenye friji tangu usiku, kisha ifutwe. Ukishaona maji yamejaa, itoe nyama, yamwage, pasha kikaango upya, ifute, ndipo urudi. Ukiendelea ndani ya yale maji unaichemsha.

Swali: Habari mwalimu, niko Eldoret. Paprika ya moshi sijaiona supamaketi za karibu, iko ya kawaida tu. Itafaa?

Jibu: Itakupa rangi na utamu kidogo, moshi haina. Ile ya moshi, kama ya La Vera kule Uhispania, pilipili zake hukaushwa juu ya moto wa mwaloni kabla ya kusagwa. Kwa hiyo hatua ya kaa kwako ni ya lazima. Ongeza na hii: choma hoho moja nyekundu moja kwa moja juu ya moto hadi ngozi iwe nyeusi kote, ifunike kwenye bakuli dakika 10, menya, ponda, itie pamoja na nyanya. Usiioshe, utaondoa ladha yote.

Swali: Mwalimu samahani, nyuzi 63 si ndani bado kuna uwaridi? Sisi tumefundishwa nguruwe aive hadi akauke, kwa ajili ya minyoo.

Jibu: Tahadhari hiyo ina msingi. Tegu wa nguruwe yupo Afrika Mashariki, na nyama yenye viluwiluwi vyake huonekana: vifuko vyeupe vyenye maji, ukubwa wa punje ya mchele hadi njegere, katikati ya nyuzi za nyama. Ukiviona usinunue, na usidhani kupika ndiyo suluhisho la kununua nyama hiyo. Kwa bucha ambazo hazieleweki ndiyo maana nimeandika 71. Hapo uwaridi umeisha na chopsi iliyotiwa chumvi mapema bado ina maji. Kukauka kabisa ni 80 na kuendelea, na hakukuongezei usalama wowote. Rangi peke yake isikuongoze. Paprika hupaka wekundu, na karibu na mfupa nyama hubaki nyekundu hata ikiiva.

Swali: Na ile homa ya nguruwe inayotangazwa mara kwa mara?

Jibu: Homa ya nguruwe ya Afrika haiambukizi binadamu. Inaua nguruwe na kumfilisi mfugaji, ndiyo maana wilaya huzuia usafirishaji. Hata hivyo mnyama aliyekufa kwa ugonjwa wowote si wa kuliwa. Tunarudi kwenye mhuri.

Swali: Dada mwalimu, mimi niko Minneapolis, ghorofa ya nne, jiko la umeme. Kengele ya moshi inalia hata nikikaanga mayai. Kaa nitawasha wapi?

Jibu: Usiwashe kaa kabisa ndani ya nyumba hiyo. Wewe una bahati ya viungo: paprika ya moshi iongeze iwe vijiko vya chai 3, na badala ya pilipili kichaa tumia chipotle ya unga, ambayo ni pilipili ya Meksiko iitwayo halapenyo, iliyokaushwa kwa moshi. Kikaango kipashe kwa moto wa wastani, uongeze dakika 2 za kukaanga, na uwashe feni ya jiko kabla ya kuanza. Jiko la umeme huchelewa kupoa, hivyo wakati wa mchuzi hamishia kikaango kwenye sahani nyingine ya jiko.

Swali: Naweza kulaza nyama kwenye ndimu usiku kucha, kama ninavyofanya kwa mbuzi?

Jibu: Hapana, ndugu yangu. Ndimu ya usiku kucha inafanya uso wa chopsi kuwa kama uliopikwa, unalegea na kutoa maji, na rangi hutaipata. Mbuzi wa kuchoma ana nyuzi ngumu na anakaa motoni muda mrefu. Hii ni nyama laini ya dakika 10. Papai bichi ndiyo usiliguse kabisa. Ndimu iingie mwisho.

Swali: Zikibaki, kesho zinapashwaje bila kuwa soli ya kiatu?

Jibu: Ziingie friji ndani ya saa mbili tangu kupikwa, na ziliwe ndani ya siku tatu. Kata vipande vyembamba kukingamiza nyuzi, pasha mchuzi peke yake na maji kidogo hadi uchemke, punguza moto, tia vipande, funika, geuza mara moja au mbili hadi vyote viwe vya moto kabisa hadi ndani. Mfupa usiutupe, utie kwenye maharage yanapochemka, moshi wote uliobaki uko pale.