Kutoka hadithi hadi skripti: hatua ninazozifuata

Ukitoka kwenye riwaya kwenda kwenye filamu, unanyang'anywa ruhusa ya kuingia kichwani mwa mhusika. Kazi yote ya kugeuza hadithi kuwa skripti inazunguka hapo.

Hatua ya 1: Anza na hadithi fupi. Riwaya ya kurasa 300 haiingii kwenye skripti ya kurasa 100 bila kukatwakatwa, na aliyeizaa huwa hana moyo wa kushika kisu. Ousmane Sembène wa Senegali alikwishachapisha riwaya tatu alipokwenda Moscow kusomea filamu mwanzoni mwa miaka ya 1960. Hata hivyo filamu yake ndefu ya kwanza, La Noire de... (1966), aliitoa kwenye hadithi fupi ya mkusanyiko wake wa mwaka 1962.

Hatua ya 2: Shika kalamu nyekundu. Pigia mstari kila penye alijua, alikumbuka, alihisi, alitamani. Kamera haivioni hivyo. Hapa usiharakishe. Niliwahi kuandika: "Zuhura alikwisha kumsamehe babake, ila hakujua amwambieje." Inasomeka vizuri, lakini mwigizaji ataifanyaje? Siku tatu nilimtia Zuhura maneno mdomoni, na kila neno likasikika la uongo. Mwishowe nikaandika hivi:

NDANI. SEBULE. USIKU.
Baba anajaribu kutia uzi kwenye tundu la sindano. Anakosa. Anaulamba uzi, anakosa tena. Zuhura anainuka kitini, anaichukua sindano, anatia uzi, anamrudishia. Harudi kitini. Anaketi mkekani, karibu naye.

Hakuna aliyetamka neno "samahani", na mtazamaji ameshaelewa.

Hatua ya 3: Fuata umbo. Ukurasa mmoja hukadiriwa kuwa dakika moja ya filamu, kwa herufi za Courier ukubwa wa 12. Kila onyesho lina kichwa chake: ndani au nje, mahali, wakati. Andika kwa wakati uliopo. Mengine programu ya kuandikia skripti itakupangia.

Hatua ya 4: Wape watu wawili wasome majibizano kwa sauti. Wewe nyamaza, sikiliza. Wanapojikwaa, futa.

Hatua ya 5: Linda haki zako. Mara nyingi mtayarishaji hanunui papo hapo haki za kuigeuza hadithi yako kuwa filamu. Hulipa kiasi kidogo azishikilie kwa muda, aghalabu miezi 12 au 18, huku akitafuta fedha. Tarehe ya haki kukurudia iandikwe waziwazi. Mkataba wangu wa kwanza haukuwa nayo, na hadithi niliyoipenda kuliko zote ikafungiwa kwa miaka, mimi mwenyewe siruhusiwi kuigusa. Bado naumia nikiikumbuka.

Kabla hata ya kurudi kwenye hatua ya 1, fungua mkataba uliosaini na mchapishaji wa kitabu chako, utafute palipoandikwa filamu. Huenda haki hizo ulishampa. Pasipoeleweka, muulize kwa maandishi, na jibu lake ulihifadhi pamoja na mkataba.